Nakala Yenye Muhuri wa Polisi

Kabla sijashika bastola ya chuma, nilikuwa nimeshika za mbao kwa miaka mitatu. Zilikuwa kumi na mbili, zimepangwa kwenye rafu ya karakana ya Anko pale Greyville, zimechongwa kwa mti mwekundu na kulainishwa na mikono ya watu wawili watatu kabla yangu hadi zikateleza kama mawe ya mtoni. Kazi yangu ilikuwa kulowesha ngozi, kuilaza juu ya bastola ya mbao, na kuikandamiza kwa vidole gumba mpaka ishike umbo. Kisha niliiacha ikauke. Nilipenda saa hiyo ya kungoja. Upepo ulikuja kutoka bandarini na kupita juu ya uwanja wa mashindano, ukaleta harufu ya chumvi, ya majani yaliyokatwa na ya farasi, na mimi nikakaa pale kwenye kigoda na sindano yangu, nimelala macho wazi. Siku nyingi sikukumbuka kwamba vitu hivi vyekundu nilivyovilea kama wanasesere vilikuwa mfano wa kitu gani.

Anko hakuwa mjomba wangu. Alikuwa Mhindi wa Durban, aliyezaliwa hapohapo yeye na baba yake, na mtaa mzima ulimwita hivyo. Baba yake alishona matandiko ya farasi wa mashindano, na Anko naye alishona matandiko, hadi matandiko yakaanza kuletwa tayari kutoka ng'ambo kwa meli. Wakati huohuo watu wa mji wakazidi kuogopana. Ilikuwa miaka ya mwisho ya tisini. Mwenye duka alitaka bastola, mwenye teksi alitaka bastola, hata daktari wa meno wa ghorofa ya pili alitaka, na kila aliyeipata alitaka isionekane. Hapo ndipo Anko akaanza kushona ala za bastola, zile nyembamba za kuvaliwa ndani ya suruali, chini ya shati, na hapo ndipo alipohitaji wasaidizi, wa mwisho wao mimi.

Alikuwa na desturi moja asiyoivunja. Mteja aliambiwa, "Njoo na leseni, chuma kiache nyumbani." Anko aliisoma leseni kwanza, jina, kisha namba, kisha akamtazama mtu usoni, na baada ya hapo tu ndipo aliponiita nikampime kiuno. Bastola yenyewe hatukuihitaji, tulikuwa na zetu za mbao. Waliokuja bila karatasi aliwapa chai na kuwarudisha mlangoni kwa adabu.

"Kila bunduki ina ndoa yake na cheti chake," aliniambia siku za kwanza. "Mtu anaomba polisi. Wanachukua alama za vidole. Wanakuja nyumbani kutazama kama ana sefu. Anangoja, anangoja, anangoja. Halafu wanamwoza. Bunduki ile, mtu yule. Huwezi kumwazima jirani."

"Na akitaka ya pili, Anko?"

"Anaoa tena, anaanza upya kila kitu. Mnashangaa nini nyinyi Wakristo?" Akacheka hadi miwani ikamteleza puani.

Nilicheka naye. Niliyasikia maneno yale kama mtu anavyosikia redio ya jirani.

Mimi nilitoka Uvira, Kongo, na wadogo zangu watatu. Baba alikufa kwanza, mama akafuata mwaka uleule, na nilipoacha shule nilikuwa bado na daftari la hesabu lenye kurasa nyeupe nyingi. Nilifika Durban na mdogo wangu wa kiume, aliyenifuata kwa miaka mitatu, na wadogo wawili wa kike ambao njia nzima walidhani tunakwenda kumtembelea shangazi. Tulipata chumba kimoja juu ya duka la vipuri, jiko tukitumia pamoja na majirani. Tulipewa karatasi za hifadhi ya wakimbizi, moja kwa kila mtu, zenye picha na tarehe ya mwisho, na kila tarehe ilipokaribia tulikwenda kupanga foleni ziongezwe. Kwa karatasi hizo wadogo zangu walikaa shule, na mimi nilikaa kwenye kigoda cha Anko. Wote wanne walinitazama mimi, nami nikijihesabu pia, maana nilijitazama mwenyewe kila asubuhi kwenye kioo na kujiuliza leo yaya, dada mkubwa, atafanya nini.

Kule kwetu karatasi bila muhuri ilikuwa ya kufungia karanga. Baba alikuwa na karatasi ya baiskeli yenye mihuri minne, na aliikunja na kuikunjua kama mtu anayefungua Biblia. Kwenye vizuizi vya barabarani niliona askari wakishika vyeti juu chini, wasisome neno hata moja, wakitafuta ule mviringo wa wino tu. Wakiuona, unapita. Wasipouona, unakaa chini juani. Tulikulia katika elimu hiyo, na hiyo sikuiacha njiani.

Mdogo wangu alipata kazi Isipingo, kwenye duka la mablanketi karibu na stendi ya teksi. Alikaa mlangoni, akabeba marobota, na baada ya mwaka patron wake, tajiri mwenye duka, alimpa funguo ili afungue duka alfajiri kabla yeye mwenyewe hajafika. Alikuwa na miaka ishirini. Alipopewa funguo zile alinunua soda nne, akatugawia, akakaa kitandani akizichezesha zilie.

Kisha ikaja ile Ijumaa. Anko alikuwa amekwenda msikitini. Nilikuwa peke yangu, nimezungukwa na harufu ya nta na ngozi mbichi, mashine imezimwa, na mlango ukasukumwa akaingia mdogo wangu akiwa amevaa shati lake la kanisani siku ya kazi.

"Yaya, nipime kiuno."

"Kiuno cha nini? Umenenepa?"

"Nipime kama unapimaka wale wakubwa." Akaweka mezani bahasha ya plastiki, akaisogeza kwa kidole kimoja. "Na papier iko. Najua desturi ya mzee wako."

Ilikuwa nakala ya leseni ya bastola. Kiingereza changu cha kusoma kilikuwa cha polepole, neno kwa neno kama mtu anayevuka mto kwa mawe. Lakini sikuhitaji kusoma. Chini ya karatasi kulikuwa na muhuri mkubwa wa polisi, wino wa bluu umelowa vizuri pande zote, na tarehe katikati, na saini ya mtu aliyeandika kwa haraka, na cheo chake.

"Wamegonga wenyewe?" niliuliza.

"Wenyewe! Polisi kabisa, nyuma ya kaunta, na kofia yake. Patron alisema nitembee na bastola yake kwa sababu ya alfajiri, iko hatari pale stendi. Akanipa kopi ya leseni yake. Mi nikasema hapana, mimi si mutoto, bila kashe, bila muhuri wa polisi, sibebe. Nikaazima leseni yenyewe, nikaenda polisi na zote mbili, nikapanga foleni. Akatazama, akagonga, akanirudishia. Hakuniuliza hata jina."

"Hata jina?"

"Yaya, aliniambia sharp sharp, sawasawa, next."

Nikamkumbatia. Ninaliandika hilo kwa sababu ni kweli. Miaka mitatu nilikuwa nimeona wanaume wenye magari wakiingia karakana ile na leseni zao, na sasa mdogo wangu, aliyelala kwenye mabua ya mahindi mpakani, alikuwa mmoja wao. Nikampima kiuno. Akanitajia bastola ilivyo, nikashusha rafuni ile ya mbao ya saba, akaishika na kusema, "Njo hii, hii kabisa." Nilimshonea kwa vipande vya ngozi vilivyobaki, ambavyo Anko aliniruhusu kuchukua, jioni tatu mfululizo, mishono midogo kuliko yote niliyowahi kushona. Aliivaa Jumatatu. Shati lilianguka juu yake bila kuonyesha kitu. Nikamzungusha kama bibi harusi, nikaona kazi yangu ni nzuri.

Wiki mbili zilipita hivyo, nazo katika kumbukumbu yangu zina mwanga wa namna yake, kama wakati wa asubuhi ambapo ukungu wa bahari unapanda hadi Greyville na nyumba zote zinaelea. Aliondoka kukiwa na ukungu. Alirudi jua likiwa la manjano kwenye vioo vya ghorofa. Alikunja bastola ndani ya taulo na kuiweka juu ya kabati, wadogo zetu wakikatazwa hata kutazama huko, na mimi nilipika.

Jumamosi ya pili, tukikaribia kufunga, nilimwambia Anko. Nilitaka tu anipongeze.

"Mdogo wangu naye amepata leseni."

"Mungu mkubwa," alisema, akiendelea kupaka uzi nta. "Kijana mzuri. Alingoja muda gani?"

"Siku moja."

Mkono wake ukasimama. "Mimi niliomba ya kwangu baba yangu akiwa hai, na ilipotoka nilikuwa nimeshamzika. Siku moja?"

"Alipanga foleni asubuhi. Saa sita alikuwa nayo."

"Jina lililoandikwa ni lake?"

Nilifungua mdomo kujibu, nikaona ile karatasi mbele ya macho yangu, muhuri wa bluu, saini, cheo. Kila kitu kilikuwa kimeng'aa isipokuwa mahali pa jina. Pale palikuwa na ukungu. Sikuwa nimepatazama.

"La patron wake," nikasema taratibu. "Ni nakala ya leseni ya patron. Lakini polisi waligonga muhuri, Anko. Juu ya ile nakala."

Anko alivua miwani. Sikumwona akicheka. Alichukua kadi yangu ya maktaba iliyokuwa mezani, akachukua kipande cha karatasi, akaandika juu yake yale yaliyokuwa kwenye kadi, akaviweka pamoja.

"Ukipeleka hivi viwili polisi, wanatazama hiki na hiki. Vinafanana? Ndiyo. Wanagonga. Muhuri unasema karatasi hii inafanana na karatasi ile. Basi. Hausemi wewe ni nani. Hausemi ufanye nini. Huyo askari hata hakuuliza jina kwa sababu jina halikumhusu."

"Kwa hiyo yeye anatembea..."

"Anatembea na bunduki ya mtu mwingine chini ya shati. Mtoto wangu, wakimsimamisha pale barabara ya kusini ni jela. Na zile karatasi zenu za hifadhi, sijui kama zinarudi baada ya hapo." Akageukia rafu ya bastola za mbao. "Ala ameipata wapi?"

Nilitazama mikono yangu. Akaelewa. Afadhali angefoka. Alisimama tu akafunga dirisha, ingawa hakukuwa na upepo, akasema, "Usiibebe hata wewe. Ikiwa nyumbani, ibaki palepale. Mwenye nayo aje aichukue kwa mkono wake."

Nilikwenda kumngojea mdogo wangu kwenye robot, zile taa za barabarani, mahali teksi za Isipingo zilipomshushia. Sikumbuki sauti za magari. Nakumbuka taa zikibadilika, kijani, njano, nyekundu, na watu wakivuka kama waliozama majini, na gari la polisi lililopita polepole, dereva akila chipsi. Alishuka akitabasamu. Nikamshika mkono kama alipokuwa mdogo, nikampeleka hadi chumbani. Wadogo zetu niliwapeleka kwa jirani.

Nilimwambia yote. Alisikiliza akiwa amesimama, kisha akatoa ile bahasha ya plastiki na kuinyoosha mbele yangu kana kwamba mimi ndiye kizuizi cha barabarani.

"Yaya, ona. Soma. Hii ni nini kama si polisi?"

"Soma wewe. Jina la nani?"

"Jina ni la patron, najua. Ndiyo maana nilienda kugonga muhuri!"

"Muhuri unasema nakala ni sawa na ya kwanza. Hakuna kingine."

"Mzee wako ana wivu. Anataka bateja bote bawe bazungu na Bahindi."

"Usimtukane. Mimi ndiye niliyekushonea. Kama ni ujinga, ni wetu wawili."

Hapo akakaa. Akasoma. Nilimwona akisoma neno kwa neno, midomo ikitembea, akavuka mto wake mwenyewe jiwe kwa jiwe. Alipofika chini alirudi juu akaanza tena. Kisha akatoa bastola kiunoni, akatoa risasi kama alivyofundishwa, akaziweka kwenye soksi, na akaninyooshea kile chuma. Nikaipokea. Nilijua kila kona yake. Vidole gumba vyangu viliitambua kabla ya macho. Lakini ile ya mbao ya saba ilikuwa nyepesi kama mkate. Hii iliuvuta mkono wangu chini, ikiwa bado na joto la mwili wake. Niliiweka ndani ya sufuria kubwa ya ugali, nikafunika, nikaweka jiwe la kusagia pilipili juu ya kifuniko. Siku ile tulikula mkate na chai.

"Kesho kutwa alfajiri ninafungua duka," alisema. "Akiuliza bastola yake?"

"Atakuja kuichukua yeye."

"Patron? Kuja hapa? Kwa ajili yetu?" Akacheka kicheko kibaya. "Asipokuja, Jumatatu nabeba. Nabeba mara moja tu, narudisha, nimemaliza."

"Mara moja ndiyo hiyo wanayokukamatia."

"Yaya, kazi ile ni yangu. Wewe uko na ya kwako."

Nilishuka kwenye duka la simu la Wakongo wenzetu nikampigia patron. Alikuwa na sauti ya mtu aliyeshiba.

"Msichana wangu, kila mtu anafanya hivyo. Nilimpa karatasi."

"Karatasi ina jina lako, bwana. Na bastola ina namba, na namba ina jina lako vilevile. Wakimkamata yeye leo, kesho wanakuja kukuuliza bastola yako iko wapi."

Simu ikakoroma kidogo. Nilidhani imekatika.

"Basi aniletee Jumatatu."

"Haibebi tena. Wala mimi. Iko hapa, imetulia, inakungoja."

"Wewe ni nani yake?"

"Mimi ndiye mkubwa wake."

Akasema labda atakuja kesho baada ya chakula. Labda.

Jumapili ile ilikuwa ndefu kuliko safari yetu yote. Wadogo walikwenda kanisani na jirani. Sisi wawili tulikaa, mmoja kila upande wa sufuria. Jua liliingia kwa dirisha dogo, likapanda ukutani, likateremka kitandani, likagusa jiwe la pilipili na kuliacha. Chini mtu alikuwa akijifunza kupiga kinanda, wimbo uleule, akikosea palepale. Kuna wakati nilisinzia nikaota chumba kimejaa maji safi na sufuria inaelea, na sisi wote wanne tumekaa ndani yake, tumetulia kabisa, tunapita juu ya mji. Nilipozinduka mdogo wangu alikuwa ananitazama.

"Umecheka usingizini," alisema.

"Saa ngapi?"

"Saa tisa. Hatakuja."

Nilikuwa nimeshaamua nitalala chini mlangoni Jumatatu, na atakayetaka kutoka anikanyage. Nadhani alijua. Tuliishi karibu mno hata tusingeweza kufichana kitu.

Saa kumi na nusu honi ililia chini. Patron alipanda ngazi akihema, mtu mnene aliyevaa kandambili, akatazama chumba, vitanda viwili, nguo za shule kwenye kamba, kisha akaniona nikiondoa jiwe juu ya sufuria. Alitazama ndani, akatikisa kichwa.

"Eish. Kwenye sufuria ya chakula."

"Sina sefu, bwana."

Aliiweka mfukoni pamoja na soksi yake ya risasi. Kisha akamgeukia mdogo wangu na kunyoosha mkono, kiganja juu.

"Sasa nisikilize, kijana. Ninamhitaji mtu wa alfajiri asiyeogopa. Uko nami, au uko na dada yako? Ukiwa nami, chukua bastola, tushuke pamoja, kesho kama kawaida. Ukiwa na yeye, nipe funguo."

Nilikuwa nimesema mengi tangu jana, na nilijua kwamba nikiongeza neno moja, lolote, litakuwa langu na si lake. Mdogo wangu aliingiza mkono mfukoni. Funguo zililia kidogo, kama zilivyolia siku ya soda. Alizishika kwa muda. Patron alipangusa jasho. Chini, yule wa kinanda alikosea tena.

"Chukua," alisema mdogo wangu, akaziweka katika kile kiganja.

Patron alishuka. Alikuwa mzito ngazini, hatua moja, nyingine. Mdogo wangu alilala kitandani akageukia ukutani. Wadogo waliporudi walimkuta hivyo, wakanitazama, nikawapa ishara wavue viatu.

Jumatatu aliamka saa yake ya kazi. Nilimsikia akivaa gizani, shati, suruali, mkanda, kisha hatua mbili, kisha hakuna kitu. Alikuwa amekaa ukingoni mwa kitanda, mikono kwenye magoti, amevaa kikamilifu, hana pa kwenda. Niliondoka kwenye mkeka wangu mlangoni, nikaenda kukaa kando yake. Tulikaa hadi dirisha likawa la kijivu.

"Yaya," alisema mwishowe, "mimi leo nafanya nini?"

"Leo unapeleka wadogo zako shule."

"Bale banajua njia."

"Wanajua. Wapeleke."

Alifikiri sana. Kisha akaenda kuwaamsha, akivuta shuka kwa kelele, na yule mdogo kabisa akalalamika kwamba bado ni usiku. Aliwafunga kamba za viatu wote wawili, ingawa walikuwa wakubwa kwa hilo, akabeba mikoba yote miwili begani, na nikawasikia wakishuka ngazi wakigombana nani atembee upande wa barabara.